Maji ya Mkanda na Madaftari Mawili

 

Anayekwenda Pate kwa mashua haulizi saa, huuliza maji. Mkondo wa Mkanda, ule unaopita kati ya kisiwa cha Manda na bara, una pahali ambapo maji yakipwa chombo hulala tope, na nahodha aliyekawia hana la kufanya ila kungoja. Mji wa Pate nao haufikiki kwa chombo wakati maji yametoka. Ndiyo maana abiria wengi hushukia Mtangawanda, penye kina, kisha wakashika njia ya nchi kavu. Kwa karne nyingi watu wa visiwa hivi wamepanga safari, arusi na biashara zao kwa kufuata maji, wala hakuna anayeliita jambo hilo elimu. Ni maisha tu.

Mimi naliita elimu, na jioni hii nataka litupeleke mbali kidogo. Kuna tawi la hesabu ambalo hata wanahesabu wengine huliogopa. Linaitwa nadharia ya namba, na katika kilindi chake mna vitu viwili vyenye majina mazito: uwakilishi wa otomofiki, na fomula ya tresi. Tafadhali usibadilishe stesheni. Chukua karatasi na kalamu, kwa sababu baadaye nitakuomba uhesabu kidogo.

Tuanze na maji. Maji ya gatini unaweza kuyaandikia daftari kwa njia mbili. Ya kwanza ni kuweka ufito wenye alama na kuandika kila saa maji yamefika wapi. Kipimo cha mashine kinachofanya kazi hiyo kimekuwapo Lamu tangu miaka ya 1990. Daftari lake ni refu na ukilitazama hivi hivi halisemi kitu: namba zinapanda, zinashuka, zinapanda tena, na kila siku zimeteleza kidogo kuliko jana.

Daftari la pili ni fupi. Linasema kwamba maji ya hapa ni jumla ya mawimbi, na kila wimbi lina kipindi chake. Liko la mwezi, hurudi kila baada ya saa 12 na dakika 25. Liko la jua, hurudi kila baada ya saa 12 kamili. Yakienda pamoja, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, hapo ndipo pana bamvua. Yakipingana, mwezi ukiwa nusu, ni maji mafu. Zile dakika 25 za tofauti ndizo zinazofanya kutoka bamvua moja hadi nyingine pawe na siku 14 na robo tatu hivi. Mvuvi anaijua hesabu hiyo bila kuandika. Kisha yako mawimbi madogo: moja la saa 23 na dakika 56, jingine la saa 25 na dakika 49. Kwenye mikondo yenye kina kifupi, bahari huzaa hata wimbi la saa 6 na dakika 13, ambalo halimo mbinguni popote, limetokana na maji kukwaruza chini.

Kwa kila wimbi unahitaji kujua mambo mawili tu: lina nguvu kiasi gani, na lilianza lini. Ukishajua hayo unaweza kutabiri maji ya mwaka ujao. William Thomson, yule aliyekuja kuitwa Lord Kelvin, alibuni mwaka 1872 mashine ya magurudumu na kapi iliyojumlisha mawimbi hayo na kuchora maji ya kesho kwenye karatasi. Arthur Doodson wa Liverpool, ambaye alikuwa kiziwi, aliendeleza orodha ya mawimbi mwaka 1921 hadi ikakaribia 400. Majedwali ya maji ambayo manahodha wanayatazama leo, hata meli kubwa zinazokuja Kililana, yametoka kwenye daftari hilo la pili.

Shikeni hapo: bahari ni moja, madaftari ni mawili. Moja la mahali, moja la mawimbi. Yakitofautiana, basi mwandishi amekosea, maana bahari haiwezi kuwa na maji mawili. Jambo lote ninalotaka kulisema leo limo humo.

Pwani yetu ilikuwa na hesabu zake za mizunguko zamani sana. Manahodha walishika mwaka wa Nairuzi, wenye siku 365 bila kuongeza siku hata moja, ukagawanywa katika miongo ya siku kumi kumi: miongo 36, zikabaki siku tano. Kwa miongo hiyo walijua kaskazi itatulia lini na kusi italeta mawimbi lini. Sasa gawanya 365 kwa 7: inabaki 1. Kwa hiyo Siku ya Mwaka ikiangukia Jumatatu mwaka huu, mwakani itakuwa Jumanne, mwaka wa baadaye Jumatano, bila kukosea milele. Mwaka wa Hijria nao, katika majedwali ya wanafalaki, huenda kwa duru ya miaka 30: miaka 19 ya siku 354 na miaka 11 ya siku 355, jumla siku 10,631. Ukigawa kwa miezi 360 ya duru hiyo unapata siku 29 na nusu na kidogo juu yake, karibu sana na mwezi wenyewe ulivyo angani. Huku kuandama kwa mwezi bado tunakutazama kwa macho, na ni vyema, lakini jedwali lipo.

Nisieleweke vibaya. Sisemi kwamba wazee wa Pate walijua fomula ya tresi. Maneno ya namna hiyo huwapendeza wasikilizaji na kuwavunjia wazee heshima kwa pamoja, kwa kuwa yanawapa sifa wasiyoihitaji na kuwanyima ile waliyo nayo. Walichokijua ni hesabu ya baki: unazunguka, unarudi, na kinachokupa jibu ni kile kilichobaki baada ya kugawanya. Nadharia ya namba nayo ilianzia papo hapo.

Tazama namba tasa, zile zisizogawanyika ila kwa 1 na kwa zenyewe: 2, 3, 5, 7, 11, 13 na kuendelea. Mfaransa Pierre de Fermat, katika karne ya 17, aliuliza ni zipi zinazopatikana kwa kujumlisha miraba miwili. 5 ni 1 na 4. 13 ni 4 na 9. 17 ni 1 na 16. 29 ni 4 na 25. Lakini jaribu 3, 7, 11 au 19, hutafanikiwa hata ukeshe. Siri ni kugawanya kwa 4. Ikibaki 1, inawezekana. Ikibaki 3, haiwezekani. Basi. Namba tasa yenye tarakimu mia moja utaijibu kwa kutazama tarakimu zake mbili za mwisho. Leonhard Euler alithibitisha hilo karne iliyofuata, na mwaka 1796 Carl Friedrich Gauss, kijana wa miaka 18, akathibitisha sheria pana zaidi: maswali yote ya miraba ya aina hii yana kalenda yake. Moja kalenda ya siku 4, jingine ya siku 12, jingine ya siku 20. Daima ipo kalenda.

Kufikia miaka ya 1930 wanahesabu walikuwa wameshajua ni maswali gani yenye kalenda. Habari mbaya ni kwamba mengi hayana.

Sasa ile kalamu. Andika mlinganyo huu: y mara y, jumlisha y, ni sawa na x mara x mara x, toa x mara x. Chagua namba tasa, tuseme 5. Kila hesabu ukiifanya, gawanya kwa 5 na ushike baki tu. Kwa hiyo x inaweza kuwa 0, 1, 2, 3 au 4, na y vilevile. Jaribu jozi zote 25. Ngapi zinaufanya mlinganyo uwe kweli? Ni nne. Ukitumia 2 badala ya 5 utapata nne pia. Ukitumia 3, nne tena, na hapo utadhani umegundua sheria. Tumia 7: unapata tisa.

Toa idadi hiyo kutoka kwenye namba tasa yenyewe. 2 toa 4 ni hasi 2. 3 toa 4 ni hasi 1. 5 toa 4 ni 1. 7 toa 9 ni hasi 2. Ziandike pembeni: hasi 2, hasi 1, 1, hasi 2. Hakuna kalenda ya baki itakayokupa namba hizi, ya siku 4 wala ya siku elfu.

Basi zinatoka wapi? Zinatoka kwenye wimbi. Chukua herufi q. Izidishe kwa 1 toa q, mara mbili. Kisha kwa 1 toa q ya kipeo cha pili, mara mbili. Kisha cha tatu, mara mbili, na kuendelea bila kikomo. Halafu rudia kazi hiyo kwa vipeo vya 11, 22, 33 na kuendelea. Ukifungua mabano yote unapata mstari unaoanza hivi: q, toa q ya pili mara mbili, toa q ya tatu, jumlisha q ya nne mara mbili, jumlisha q ya tano, na ukifika ya saba unakuta hasi 2. Tazama sasa penye 2, penye 3, penye 5, penye 7: hasi 2, hasi 1, 1, hasi 2. Ni zile zile. Mjerumani Martin Eichler alithibitisha mwaka 1954 kwamba zitakubaliana daima. Namba 11 ina mambo yake, tuiache.

Kwa nini nikaliita wimbi? Kwa sababu q katika hesabu hiyo ni mzunguko, q ya pili ni mzunguko wenye kasi mara mbili, q ya tano kasi mara tano. Mstari ule mrefu ni jumla ya mawimbi, na namba iliyo mbele ya kila moja ni nguvu ya wimbi hilo, kama vile nguvu ya wimbi la mwezi katika daftari la gatini. Kwa hiyo mlinganyo uliouhesabu kwa mkono, jozi baada ya jozi, ni daftari la mahali. Mstari wa q ni daftari la mawimbi. Na yanakubaliana.

Ila wimbi hili si la kawaida. La bahari hujirudia ukisogea mbele kipindi kimoja. Hili hujirudia ukisogea, na pia ukiligeuza, cha mbali kikawa karibu na cha karibu kikawa mbali, likabaki na sura ileile kwa kanuni maalumu. Kujirudia kwingi namna hiyo ni taabu kubwa kwa wimbi. Machache sana yanaiweza, na machache hayo ndiyo yenye siri za namba tasa. Hayo ndiyo maumbo ya otomofiki. Ukichukua wimbi moja la namna hiyo pamoja na yote yanayozaliwa kwa kuligeuza na kulisogeza, mkusanyiko mzima ndio uwakilishi wa otomofiki.

Januari 1967 Mkanada mmoja wa Princeton, Robert Langlands, umri wake miaka 30, alimwandikia mwanahesabu mkubwa André Weil barua ya kurasa 17 kwa mkono. Alisema, kwa adabu iliyochanganyika na haya, kwamba kama Weil hatapenda kuisoma kama dhana tu, basi bila shaka ana kikapu cha taka karibu. Humo alidai kwamba maswali ya milinganyo, hata yale yasiyo na kalenda, yana mawimbi yake, na kila swali lina wimbi lake mahali fulani. Hakuthibitisha. Alionyesha tu ramani ya mahali pa kutafuta. Miaka karibu sitini baadaye, watu bado wanaifuata ramani hiyo na sehemu kubwa yake haijafikiwa.

Mwaka huohuo alikwenda Ankara kufundisha, akakaa hadi 1968, akajifunza Kituruki kwa bidii. Baadaye aliandika hesabu kwa Kituruki, na uzeeni akaandika makala ndefu kwa Kirusi. Mwaka 2018 alipewa tuzo ya Abel. Nalitaja hili kwa sababu tumezoea kuamini kwamba hesabu ya juu ina lugha moja tu, na wanaofikiri hivyo huwa ni sisi, si wanahesabu wenyewe.

Sasa fomula ya tresi. Ukiipata hii, umepata kiini.

Chora mraba wa vyumba vinne. Juu andika 2 na 1. Chini andika 1 na 2. Mraba huu ni mashine ya hesabu: unaipa namba mbili, inakurudishia mbili. Ya kwanza inayotoka ni ile ya kwanza uliyotia mara mbili, ukijumlisha ya pili. Ya pili inayotoka ni ile ya kwanza, ukijumlisha ya pili mara mbili. Tia 1 na 1: zinatoka 3 na 3. Jozi imebaki na umbo lake, imekuzwa mara 3. Tia 1 na hasi 1: zinatoka 1 na hasi 1. Imebaki vilevile, yaani imekuzwa mara 1. Kwa hiyo mashine hii ina mawimbi yake mawili, moja lenye 3 na jingine lenye 1. Jumlisha: 4.

Rudi kwenye mraba. Jumlisha vyumba vilivyo kwenye ulalo, kutoka juu kushoto hadi chini kulia. 2 na 2. Ni 4.

Jumla hiyo ya ulalo ndiyo tresi. Upande mmoja umehesabu kwa kuangalia vyumba, jambo ambalo mtoto wa darasa la tatu analiweza. Upande mwingine umehesabu mawimbi ambayo huwezi kuyaona kwa kuutazama mraba tu. Na jumla ni moja, daima, mraba uwe wa vyumba vinne au milioni. Kwa maoni yangu hakuna jambo katika hesabu lenye faida kubwa kwa bei ndogo hivi: unachokiona kinakupa habari ya usichokiona.

Mwaka 1956 Mnorwe Atle Selberg alilibeba wazo hili hadi kwenye nyuso zilizopinda na kujifunga, ambako mraba una vyumba visivyo na mwisho, akalichapisha katika jarida la Chama cha Hesabu cha India. Upande wa mahali aliweka urefu wa njia zote zinazonyooka juu ya uso huo kisha zikarudi zilipoanzia. Upande wa mawimbi aliweka masafa yote yanayoweza kutulia juu yake. Akathibitisha kwamba pande hizo mbili ni sawasawa.

Tatizo likawa hili. Nyuso zinazohitajika kwa namba tasa hazijifungi. Zina mdomo unaokwenda mbali bila mwisho. Fikirini tofauti ya maji ya birika na maji ya hori lililo wazi kwa bahari kuu. Birikani mawimbi yanahesabika moja moja. Horini mengine yanatoroka, yanachanganyika, hayana hesabu ya moja moja, na ukijaribu kujumlisha, pande zote mbili zinakupa jumla isiyo na kikomo. Selberg aliimudu hali rahisi. Hali ya jumla ilibebwa na James Arthur wa Toronto, mwanafunzi wa Langlands, aliyeanza miaka ya 1970 na kuandika makala juu ya makala, akikata kwa uangalifu kile kinachotoroka pande zote mbili ili kilichobaki kiweze kulinganishwa. Kitabu chake kikubwa kilichovuna matunda ya kazi hiyo kilitoka 2013. Miaka arobaini, mtu mmoja, fomula moja. Sijui kama siku hizi chuo chochote kingemvumilia mwalimu wa namna hiyo.

Inatumikaje? Uzuri wake uko kwenye kulinganisha. Una sehemu mbili tofauti, na unashuku kwamba mawimbi yake yana undugu, lakini mawimbi huyaoni. Basi andika fomula ya tresi ya kila sehemu, linganisha pande za mahali, ambazo zinahesabika. Zikilingana, pande za mawimbi hazina budi kulingana nazo. Mwaka 1970 Hervé Jacquet na Langlands walionyesha njia hiyo kwa mfano wa kwanza mkubwa.

Kila walipojaribu kwenda mbele ya hapo walikwama penye usawa mmoja wa kuhesabu upande wa mahali, ulioitwa lema ya msingi. Langlands mwanzoni alidhani ni zoezi la kumpa mwanafunzi. Zoezi hilo lilichukua karibu miaka thelathini. Aliyelimaliza ni Ngô Bảo Châu, mzaliwa wa Hanoi, mwaka 2008, kwa kupitia jiometria ambayo hakuna aliyedhani inahusika. 2010 akapewa nishani ya Fields mjini Hyderabad. Jarida la Time liliiweka kazi hiyo miongoni mwa ugunduzi kumi bora wa sayansi wa mwaka 2009, ingawa nina hakika waliouelewa uthibitisho wenyewe katika ofisi ile hawakufika mmoja.

Wengine mmesikia habari za Andrew Wiles, Mwingereza aliyelitatua fumbo la Fermat lililokuwa limedumu zaidi ya miaka 350. Alitangaza jibu 1993, likaonekana pengo, akaliziba 1994 akisaidiana na Richard Taylor, na jibu likachapishwa 1995. Lisilosimuliwa sana ni kwamba hatua yake ya kwanza ilikanyaga juu ya matokeo ya Langlands na Jerrold Tunnell, na matokeo hayo Langlands aliyapata kwa kulinganisha fomula mbili za tresi. Bila madaftari mawili, Wiles asingekuwa na mahali pa kuweka mguu.

Najua swali linalokuja, maana huulizwa kila mara: inatusaidia nini? Nitajibu kwa uaminifu. Mvuvi wa Kiwayu hatapata samaki zaidi kwa kujua fomula ya tresi. Lakini mvuvi huyo akimtumia mkewe ujumbe wa WhatsApp, ujumbe unafungwa kwa ufunguo uliotengenezwa kwa mlinganyo wa jamii ileile niliyowahesabisha, wenye y mara y upande mmoja na x mara x mara x upande wa pili, kwa baki la namba tasa kubwa mno. Kelvin alipochora maji kwa magurudumu alikuwa na meli akilini. Gauss hakuwa na meli wala simu akilini, alikuwa na namba tu, na mnavyoona, zimetufikia mfukoni. Sidai zaidi ya hapo. Mtu anayetaka kila elimu ilipe kabla ya Ijumaa aende akauze machungwa, kazi ya heshima kabisa.

Ombi langu nalielekeza kwa walimu wa hesabu wa kaunti hii, wa Lamu mjini, wa Faza, wa Witu, wa Mpeketoni. Wanafunzi wenu wengi wamekulia kando ya jambo ambalo wenzao wa bara hulisoma kwenye picha. Tafuteni jedwali la maji la mwezi mmoja. Wachoreeni vimo vya kila siku ukutani, kisha waachieni waitafute bamvua, wapime kutoka bamvua hadi bamvua, wagundue wenyewe kwamba kuna mawimbi mawili yanayofukuzana. Ndipo muwaambie kwamba namba tasa nazo zina mawimbi, na kwamba huko bado kuna maswali ambayo hakuna mtu duniani anayejua majibu yake. Shule huwaficha watoto jambo hilo la mwisho kana kwamba ni aibu, na mimi naamini ndilo linaloweza kumfanya mtoto mmoja kati ya mia abaki na hesabu maisha yake yote.

Na kwa kijana aliyenifuata hadi hapa na kalamu yake mkononi, nakuachia kazi ya usiku. Rudi kwenye mlinganyo ule: y mara y, jumlisha y, ni sawa na x mara x mara x, toa x mara x. Safari hii gawanya kwa 13. Zipo jozi 169 za kujaribu, lakini ukipanga vizuri hazichukui hata nusu saa: andika kwanza safu ya upande wa y, kisha safu ya upande wa x, ulinganishe. Mstari wa q, penye kipeo cha 13, una 4. Kwa hiyo ukihesabu sawasawa utapata jozi tisa.